Kambale na Mukubwa Wake

Kiti muiache, batoto bangu. Nitaongea nikiwa nasimama. Toka nipate retraite, miguu yangu haijui kukaa. Asubui na mapema niko njiani hapa mu mutaa ya Mususa na sac ku mukono, na mimi mwenyewe sijui naenda wapi. Binti yangu ananiulizaka: “Mama, nani anakuita?” Hakuna mutu ananiita. Ni miguu tu. Ilizoea kwenda bureau miaka na miaka, na hakuna mutu mwenye aliiambia kama kazi ilikwisha.

Jina yangu Katungu. Nilikuwa assistante sociale mu bureau ya serikali, ile yenye inashughulikia batoto benye baba zabo balibaacha. Nilianzia Beni, nikamalizia hapa Butembo. Mumeniomba nibaelezee ile kazi, ninyi benye munaanza. Na ninyi bamama benye naona pale nyuma, batoto ku mugongo, munangojea zamu yenu, mukaribie musikie na ninyi. Dossier, faili ya mutoto, iko na pande mbili za meza, na kila upande iko na kazi yake. Meza yetu yenyewe ilikuwa na muguu moja fupi. Tuliweka chini yake convocation ya bwana moja mwenye alikataa kuja mara ine. Angalau ile karatasi ilipata kazi.

Na tulikuwa na mashini moja ya kuandika, nzito, ya chuma. Letra K kubwa ilivunjika zamani, mbele ata mimi nifike. Sasa mufikiri wenyewe: mashini bila K mu muji wa Banande. Kambale, Kasereka, Kakule, Katembo, Kavira, Kahambu, na mimi mwenyewe Katungu. Unaandika majina kumi, nane inatoka bila kichwa. “ambale, mwana wa asereka.” Kisha unatoa karatasi, unachukua bic, unarudishia batu K yabo, moja moja, na mukono.

Mukubwa wangu wa kazi alikuwa Papa Mbusa, mutu murefu, mukavu, na koti moja ya rangi ya majivu yenye sikuona akivua. Nilimuambia: “Papa, tupeleke hii mashini kwa mutengenezaji.” Akasema: “Iache. Mara ya kwanza unaandika jina ya mutu. Ukirudilia na ile K, mara ya pili unaisoma.” Mimi nilifikiri anatafuta tu sababu ya kukosa kuibeba, juu ilikuwa nzito kweli.

Kwa ule mwenye hatoki kwetu, nimuelezee kidogo. Sisi Banande jina yetu inasema namba. Mutoto wa kwanza ku tumbo ya mama yake, kama ni mwanaume, ni Paluku ao Mumbere. Wa pili Kambale, wa tatu Kasereka, wa ine Kakule. Banamuke nabo beko na yabo, na mimi Katungu niko wa tano. Tunahesabu ku mama, hapana ku baba. Na ule mwenye alikufa anabakia na namba yake. Hakuna mutu anakuja kukalia kiti yake. Mutunze hiyo, nitarudi ku hiyo.

Mbele ya kurudi, nibacheke kidogo, ao ninyi municheke. Wakati nilikuwa mupya ku Beni, nilituma convocation moja: “Kakule, kwa depot ya mbao, akuje bureau siku ya ine saa tatu.” Nilijiona nimefanya kazi. Siku ya ine saa tatu, Kakule batatu beko ku mulango, kila moja na shati ya misa. Ile depot ilikuwa na Kakule batatu, karatasi ilipita ku mikono yabo bote, na kila moja alijua mu roho yake kama ni yeye. Mbele nifungue kinywa, wa kwanza akasema: “Mama, nitamulisha, hapana kunifikisha kwa juge wa mahakama.” Nikaangalia dossier. Mutoto mwenye ule bwana alikuwa anasema juu yake hakuwa mu dossier yangu. Hakuwa mu dossier ya mutu yeyote. Ule mwenye nilikuwa natafuta alikuwa wa tatu, na wa pili alikuja tu juu ya woga. Siku ile karatasi moja ilinifungulia dossier mbili. Wakati nilifika huku Butembo na kumuelezea Papa Mbusa, alicheka mpaka akapanguza macho na mukono ya koti.

Donc musikie. Mu muji yetu jina moja si jina. Andika ya mutu, ya baba yake, avenue, kazi, na fasi anakunywaka chai. Na wewe mama wa pale nyuma, siku unafika bureau, usikuje na ndugu yako mukubwa akuongelee. Ataongea juu ya heshima ya familia saa mbili, na mutoto atasahaulika. Leta karatasi ya kuzaliwa. Kama haiko, leta ile ya maternité, ya ubatizo, ata ile ya chanjo. Acha copie, original urudi nayo nyumbani. Uliza numero ya dossier, uiandike fasi mbili, na uulize jina ya mutu mwenye alikupokea. Bakikuambia urudi siku ya pili, rudi siku ya pili, ata mvua inyeshe. Papa Mbusa alikuwa anasemaka: “Dossier haina miguu. Miguu yake ni wewe.”

Bon. Sasa ile yenye inanitembezaka.

Siku moja karibu na saa sita, mama moja kijana aliingia na mutoto mwanaume wa miaka sita hivi. Jina yake Kahambu. Alikuwa anashona nguo hapa Mususa, na mashini ya muguu, mu chumba bila dirisha. Alikaa ku ukingo wa kiti na akasema bila kuzunguka: “Mama, bwana sitaki tena. Nataka mutoto akuwe na baba ku karatasi, na ule baba amulishe na amusomeshe. Macho yangu inaanza kukataa sindano.” Alikuwa anasema na mimi, mais alikuwa anaangalia pembeni yangu kidogo, na nikajua anasema kweli juu ya macho. Daktari alimuambia apunguze kushona. Apunguze, na batakula nini?

Baba alikuwa Kasereka, mununuzi wa kakao. Alikuwa anajitayarisha kuhamia Kamango, ku mpaka, na kutoka kule kuingia Uganda ni hatua chache. Alikuwa na bibi mupya, na mizigo ilianza kufungwa. Nikajua haraka: kama juge hakati ile maneno mbele ya mwisho wa mwezi, tutamutafuta Kasereka ng'ambo mpaka mutoto aote ndevu.

Papa Mbusa alikuwa amekwisha kupata retraite. Nilikuwa peke yangu na mashini. Batu bamejaa ku mulango, njaa inaniuma. Fomu inauliza hesabu ya batoto. Nikauliza: “Uko na batoto ngapi?” Kahambu akaangalia mutoto chini, akamuwekea mukono ku kichwa, akasema: “Huyu.” Nikagonga 1. “Jina yake?” “Kambale.” Nikagonga “ambale”, nikatoa karatasi, nikachukua bic.

Na nitabaambia ukweli, juu nilichoka kuubeba. Bic ilisimama. Niliona. Kambale ni wa pili. Wa kwanza eko wapi? Ilikuwa kuuliza tu, maneno ine. Mais mimi nilijiambia: huyu alizaa wa kwanza na bwana mwengine, anaona haya, acha nimufunikie. Nilifikiri namusaidia. Nikaandika K yangu muzuri, nikaacha ile 1 pale, nikaita mutu mwenye anafuata.

Siku ya kwanza kwa juge, Kasereka alikuja na shati ya kupiga pasi. Hakupandisha sauti. Aliomba aonyeshwe fomu, akaisoma pole pole, akasema: “Mheshimiwa, karatasi ya serikali inasema mutoto moja. Jina inasema wa pili. Wa kwanza eko wapi, na ni wa nani? Kama huyu mama anadanganya ku hesabu ya batoto bake, ku jina ya baba atasema kweli namna gani?” Juge alikuwa mutu wa magharibi ya inchi, hakujua desturi yetu. Ilibidi greffier, karani wake, amuelezee majina na vidole: huyu wa kwanza, huyu wa pili. Na mu ile salle, kila Munande alikuwa anatikisa kichwa, juu kwa hesabu ya majina Kasereka alikuwa na haki. Niliangalia Kahambu. Alikuwa anaangalia viatu yake.

Juge akanigeukia. Akanipa wiki tatu niende nifanye enquête, uchunguzi, na nilete rapport. Bila hiyo, atafunga dossier. Kasereka alisaini kama amesikia, na akaomba ile siku ikuwe asubui, juu mizigo yake ya Kamango ilikuwa inapanda siku ile ile.

Inje nilimukamata Kahambu ku mukono. Niligomba, batoto bangu. Nilimuambia: “Kwa nini ulinificha? Ona sasa vile umetuharibia.” Akatoa mukono yake pole pole.

“Sikukuficha, mama. Uliniuliza niko na batoto ngapi. Niko na huyu. Jina yake nilikuambia. Wewe si Munande? Nilifikiri umesikia.”

Akabeba mutoto, ata kama alikuwa mukubwa wa kutembea, akaenda. Na mimi nikabakia pale na wino ku kidole.

Tangu ile saa sikutulia. Nilianza kutembea hapa na pale, soko, kanisa, nyumba, soko. Nafikiri njo pale hii ugonjwa ya miguu ilianza. Siku ya tatu miguu ilinifikisha kwa Papa Mbusa. Nilimukuta mu kiwanja yake anachambua maharagi, koti ku mugongo, na jua inawaka. Nikamuelezea byote. Hakunikaripia. Aliuliza kitu moja tu:

“Ile K uliiandika na mukono?”

“Ndiyo, papa.”

“Basi ulisoma.”

Angenipiga, ingeniuma kidogo kuliko ile. Akarudi ku maharagi yake, akatupa moja yenye ilikuwa na tundu, kisha akasema: “Anza kwa ule mama, umuombe musamaha, akuambie wa kwanza alifia wapi. Kisha, kama kuko bibi muzee upande wa bwana, nenda kwake. Hapana kuuliza Kambale ni wa nani. Juu ya mutoto mwenye anakula, kila mutu anapiga hesabu kwanza mbele ya kusema. Uliza wa kwanza analala wapi. Mufu haombi minerval, feza ya masomo. Juu ya mufu, batu banasemaka kweli.”

Muandike hiyo, ninyi bapya. Haiko mu kitabu yenu ya formation.

Nilienda kwa Kahambu. Niliomba musamaha nikiwa nasimama ku mulango, juu hakuniambia nikae. Alikuwa anatia uzi ku sindano. Uzi ilipita pembeni mara ya kwanza, pembeni mara ya pili. Nikataka kumusaidia, akakataa. Wakati uzi iliingia, njo alianza kusema. Mumbere alizaliwa Alimbongo, kwa mama ya Kasereka, balikuwa banaishi kule. Alikufa na homa, mbele ajue kutambaa. Kasereka alikuwa safarini kununua kakao. Alirudi wakati mutoto amekwisha kuzikwa, na tangu pale hakuweza kukaa mu ile nyumba. Alikuwa anaingia, anatoka. Bakahamia Butembo, na ku Butembo tena akawa anaingia, anatoka. Kambale akiwa mu tumbo, siku moja alitoka na hakuingia tena.

“Kwa nini hukusema mbele ya juge?” nikamuuliza.

“Nitoe Mumbere pale, mbele ya bale batu, aonekane kama ni karatasi? Alikuwa mutoto wangu.”

Kwenda Alimbongo nilipata fasi mbele mu camion ya Papa Hamisi, transporteur mwislamu wa Beni, alikuwa anaenda kupakia choux, ile kabichi. Njia yote aliniuliza juu ya kazi yangu. Mwisho akasema: “Mama Katungu, kwetu tunasema yatima ni amana. Mais kuko yatima benye baba zabo banakulaka nyama choma hapa barabarani.” Nikacheka. Wiki mbili zilikuwa zimekwisha kupita. Barabara haikuwa na usalama wa kuamini, na kila fasi balitusimamisha nilihesabu siku zenye zilibakia.

Alimbongo baridi inaingia mpaka mu meno. Mama ya Kasereka nilimukuta anapalilia poireaux, vitunguu ya majani, bibi mufupi, na kitambaa ku kichwa. Tulisalimiana mu Kinande, wavukire, wavukire, mais aliona sac yangu ya bureau na akashika jembe yake kwa nguvu.

“Nilisikia maneno yenu,” akasema. “Mimi ni mama ya Kasereka. Sitakusaidia kumufunga mutoto wangu.”

“Mukaka,” nikamuambia, vile tunaitaka bibi muzee, “sikukuja juu ya Kasereka. Nilikuja kusalimia Mumbere.”

Akaweka jembe chini, akapita mbele. Nyuma ya nyumba shamba ya viazi ilikuwa inafika mpaka ku ukuta, isipokuwa fasi moja, ndogo, urefu wa meza. Pale hakupanda kitu. Mawe yalikuwa yamezungushwa, na majani yaling'olewa asubui ile ile, niliona mizizi bado na udongo mubichi. Kwetu mutoto anazikwa ku udongo ya baba yake. Hapana kwa mugeni. Kama ule mutoto angekuwa wa mutu mwengine, hangelala pale.

“Nilimufunga mu kikwembe yangu ya ndoa,” bibi akasema. “Mama yake alikuwa hawezi kusimama. Baba yake hakuwako. Nilichimba na jirani.”

Nilikuwa na maswali ku ulimi, moja, mbili, tano. Nilimeza yote. Kwangu mimi, batoto bangu, ile njo kazi nguvu kuliko yote yenye nilifanya. Nilimuambia tu siku na saa ya juge, mara moja, sikurudilia. Hakujibu ndiyo, hakujibu hapana. Alinipa viazi mu kitambaa, na nikarudi na choux ya Papa Hamisi, bila saini, bila kidole ku karatasi, bila kitu. Rapport niliandika yenye niliona: fasi, mawe, majani yenye yaling'olewa. Nilijua kama haitoshi. Wakili wa siku mbili tu angeipasua.

Ile asubui nilifika tribunal mbele ya mulinzi. Nikaenda ku mulango, nikarudi, nikaenda tena. Greffier akaniambia: “Mama Katungu, utatoboa hii sima ya chini.” Kasereka alikuwa inje na telephone ku sikio, moto yake, ile pikipiki, iko tayari, mizigo imefungwa nyuma na kamba. Kahambu alikuja na Kambale, amemuvalisha shati yenye alishona mwenyewe, kola ilipinda upande moja. Bakatuita. Juge akasoma rapport yangu, akaigeuza nyuma kama anatafuta ingine, akauliza: “Ni hii tu?” Nikasema ni hii tu. Kasereka akaangalia saa.

Pale tukasikia fujo ku mulango. Polisi alikuwa anakatalia bibi mufupi na mufuko wa viazi ku mugongo.

“Mama, huku habaingizake zawadi ya juge. Ni makosa.”

“Si ya juge. Juge ajilimie yake. Hii ni ya Kambale.”

“Kambale gani? Ba Kambale bamejaa huku.”

“Kambale ya Kasereka wangu. Ule mwenye anafuata Mumbere.”

Hakusema kwa nguvu, mais batu bote mu salle balisikia. Juge hakuelewa, greffier akainama kumutafsiria, na nikaona uso ya juge inabadilika. Akaagiza bamuingize, na viazi yake. Bibi akatua mufuko mbele ya Kambale, kisha akanyoosha mugongo.

Kasereka alisema chini chini: “Mama. Na wewe?”

“Mimi nilizika wa kwanza bila wewe,” akamujibu. “Sikukulaumu, nilijua uliogopa. Mais huyu anapumua. Sitamuzika akiwa muzima juu wewe unaogopa ile fasi.”

Kasereka akakaa. Hakuna mutu alimuambia akae. Akaweka uso mu mikono yake, ya mutu mukubwa mwenye anabeba mifuko ya kakao. Nilikuwa nimejitayarisha kumuchukia ile siku, na sikuweza. Niliona mutu mwenye alikuwa anakimbia tangu miaka, na mimi mukimbiaji namujua. Wakati juge alimuuliza, alisema: “Ni wangu. Bote ni bangu.” Akasaini.

Musifikiri kisha pale ilikuwa nyimbo na ngoma. Alienda Kamango siku ile ile, na moto yake na mizigo. Miezi ingine alitimiza bila kuambiwa, miezi ingine nilituma convocation, na jina yake yote, na ya baba yake, na avenue, na depot ya kakao, na fasi anakunywaka chai. Alikuwa anakuja na haya, anasaini mu registre, anauliza mutoto amefika darasa ya ngapi. Njo dossier ya kweli, batoto bangu. Haikwishake siku ya juge. Unaitembelea mpaka mutoto aote kifua ya kujibeba. Kahambu aliacha kushona mbele macho izimike yote, eko anauza chumvi na mafuta pale karibu na kanisa. Kambale eko ku masomo makubwa, na ananisalimiaka kwa heshima kabisa, kama mutu mwenye hakumbuke kama nilimukosea.

Na sasa muko na ordinateur. K yake ni muzima, niliijaribu juzi wakati mulitoka kula. Unagonga, jina inatoka yote na kichwa yake, hakuna mutu anarudilia. Inanitia wasiwasi, nibaambie wazi.

Ile siku, mbele Kasereka apande moto, mbele bibi apate gari ya kurudi Alimbongo, Kahambu alinifuata bureau. Aliniomba fomu. Nikaitoa, nikafuta 1, nikaandika 2. Aliisogeza karibu na macho, karibu sana, akasema: “Andika na jina yake.”

Nikarudisha karatasi ku mashini. Mumbere haina K. Ile mashini ilikuwa inaweza kuiandika yote, mwanzo mpaka mwisho, bila kuruka ata letra moja. Vidole yangu ilikuwa juu ya M. Kisha nikaitoa tena ile karatasi, nikamupa Kahambu bic.

Aliandika pole pole, juu ya Kambale, mu nafasi ndogo yenye ilibakia. Mutoto alikuwa anakaa juu ya mufuko wake wa viazi. Aliinuka, akaweka kidevu ku ukingo wa meza, akafuata ile mukono mpaka ikamaliza.

“Mama, huyu ni nani?”

“Ni mukubwa wako,” Kahambu akamuambia. “Njo maana unaitwa Kambale.”